Barua ya wazi: sahihi ya pili katika daftari la daraja

Kwa Mheshimiwa Waziri wa Ujenzi na Uchukuzi,
Kwa Waheshimiwa Wabunge wa kamati inayosimamia miundombinu,
Kwa wahandisi wa wilaya zote za Uganda.

Waheshimiwa,

Salamu nyingi kutoka Tororo. Mimi ni fundi sanifu mstaafu wa madaraja. Kwa miaka 29 kazi yangu ilikuwa kushuka chini ya madaraja na makalavati ya wilaya za mashariki, kuyapima, kuyagonga, kuyapiga picha, kisha kuandika nilichokiona na kukipeleka ofisini. Ninawaandikia kwa Kiswahili kwa kuwa ndicho nilichojifunzia kazi, katika nyumba za wafanyakazi wa reli ambako watoto wa makabila yote tulicheza pamoja na hatukuwa na lugha nyingine ya kutukutanisha, na kwa kuwa mwaka 2022 Baraza la Mawaziri lilikipitisha kuwa lugha rasmi ya nchi yetu. Ninalotaka kusema ni jambo moja. Miundo mikubwa inayoanguka baada ya miaka mingi ya kutotunzwa, mara nyingi ubovu wake ulishaonwa na mtu, ukaandikwa, na karatasi ikakaa mahali fulani bila yeyote kulazimika kuijibu.

Baba yangu alikuwa nyapara wa genge la reli. Kila asubuhi, kabla ya treni ya kwanza, alitembea kwa miguu kipande chake cha njia akiwa na spana ndefu na nyundo ya mpini wa mti, akigonga boliti za viungo moja baada ya nyingine. Nilipofikia umri wa kumfuata wakati wa likizo, alinifundisha kutofautisha sauti. Boliti iliyokaza hulia kwa sauti nyembamba inayodumu kidogo hewani, na nyundo humrudia mpigaji mkononi. Iliyolegea hutoa kishindo kifupi, kizito, na nyundo hubaki pale ilipoangukia. Iliyolegea aliikaza. Asichoweza kukitengeneza mwenyewe, kama taruma lililooza au reli yenye ufa, alikifunga kitambaa chekundu na kukiandika katika daftari. Kesho yake mkaguzi wa njia alipopita na toroli alitia sahihi mbele ya kila mstari, na pembeni akaandika ama siku ambayo kazi itafanywa, ama mwendo ambao treni zitapunguziwa hadi hapo, ama sababu ya kutofanya lolote. Sikuwahi kuona mstari uliobaki bila sahihi hiyo ya pili. Baba hakuwa na elimu kubwa, lakini alijua kwamba akishaandika, kuna mtu mwenye cheo kumzidi ambaye naye amefungwa na yale maandishi.

Naomba nieleze kidogo kinachotokea ndani ya daraja, maana nimekutana na viongozi wengi, watu wazuri na wenye nia njema, wanaodhani kwamba kitu kikishajengwa kwa zege na chuma kimekwisha, kama jiwe. Nondo ndani ya zege haziozi mara moja kwa sababu saruji huzivika utando mwembamba unaozilinda. Zege changa lina chokaa kali, na chuma hutulia ndani yake. Miaka inapopita, hewa ya kaboni hupenya polepole kupitia vitundu vya zege na kuupunguza ukali ule, na siku unyevu unapoifikia nondo iliyokwisha kuvuliwa utando wake, kutu huanza. Kutu huhitaji nafasi mara 2 hadi 6 ya ile iliyochukuliwa na chuma kilicholiwa. Kwa hiyo nondo huvimba ndani ya zege na kulisukuma kwa nje, zege hupasuka kwa mstari ulionyooka kufuata nondo, kipande kinabanduka, na sasa maji yamepata mlango. Ubovu uliochukua miongo kadhaa kufika pale husonga mbio kuanzia hapo.

Methali ya ufa na ukuta kila mtoto wa shule anaijua. Tatizo letu sisi mafundi ni kwamba ufa wa ukutani humkodolea macho mwenye nyumba kila asubuhi anapofungua dirisha, ilhali ufa unaoangusha daraja huwa upande wa chini, juu ya maji, mahali ambapo hapiti mtu isipokuwa aliyetumwa na kulipwa kwenda kuutazama. Asipotumwa, hakuna atakayeuona. Akitumwa na asisikilizwe, ni afadhali posho yake ingenunua mchanga.

Nitawasimulia daraja moja. Wilaya sitaitaja, wala ofisi, kwa kuwa waliohusika wengine wamekwisha kufariki na sipendi kuwasema wasioweza kujijibia. Lilikuwa daraja dogo la mihimili ya chuma yenye sakafu ya zege juu yake, urefu wa mita 24, na sakafu ilikuwa na matundu manane ya kutolea maji, kila moja likiwa na upana wa kikombe cha chai. Barabara ilipowekwa lami upya, mkandarasi alipitisha lami juu ya yale matundu. Hakuna aliyemzuia, na kwa macho ya wapita njia daraja lilikuwa limependeza kuliko zamani. Tangu siku ile maji ya mvua, badala ya kudondokea mtoni, yalitiririka hadi mwisho wa sakafu, yakaingia katika nafasi inayoachwa ili daraja lipate kutanuka kwa joto, yakawa yanadondoka usiku na mchana juu ya ncha za mihimili, pale zinapokalia ukuta wa kingo. Udongo ukajikusanya. Nilipofika mara ya kwanza nilikuta mche wa mpera umeota juu ya kitako cha muhimili, una majani mabichi, umefika usawa wa kifua changu.

Niling'oa mpera ule, nikafuta udongo kwa panga, nikakwangua chuma kwa bisibisi. Kutu ilitoka kwa tabaka, kama maganda ya kitunguu, na kila tabaka nililotoa lilifunua jingine. Nilipofikia chuma chenyewe nilikipima. Bapa la chini la muhimili, ambalo kwa michoro lilipaswa kuwa na unene wa milimita 12, lilikuwa limebaki na 7. Niliandika ripoti ya kurasa mbili. Niliomba vibarua watatu, siku mbili, sururu, mitaimbo, brashi za waya na debe la rangi ya kuzuia kutu. Mwaka uliofuata nilipima 6, nikaandika tena. Miaka miwili baadaye nilipima 5, na mara hiyo niliomba pia kibao cha kuzuia malori mazito. Ripoti zote tatu zilipokelewa, nakala zangu zina mhuri wa masijala hadi leo, na hakuna hata moja iliyojibiwa, si kwa ndiyo wala kwa hapana.

Mwaka wa tano lori la mahindi lilipokuwa likivuka, ncha ya muhimili ilijikunja, sakafu ikashuka kwa upande mmoja, na lori likalala juu ya ukingo. Utingo alivunjika mguu. Hakufa mtu, nashukuru Mungu, ingawa kwa miezi saba watoto wa kijiji cha pili walivuka kwenda shule juu ya magogo mawili yaliyofungwa kwa waya. Watu wa ofisini walipokuja swali lao la kwanza lilikuwa kama lori lilizidisha mzigo. Lilizidisha. Lakini daraja lile lilikuwa limebeba malori yaliyozidisha mzigo kwa zaidi ya miaka 20 lilipokuwa na chuma chake chote, na ninaamini hadi leo kwamba siku mbili za vibarua watatu zingeliacha likiwa limesimama.

Baadaye, nikisoma, niligundua kwamba kisa changu kidogo kilikuwa na ndugu mkubwa. Tarehe 28 Juni 1983, kipande cha daraja la mto Mianus katika jimbo la Connecticut, Marekani, kilidondoka mtoni usiku wa manane, magari yakakifuata, na watu watatu wakafa. Daraja lile lilishikiliwa kwa pini na vibao vya chuma kwenye pembe. Miaka 10 kabla ya hapo, katika kutengeneza barabara, mifereji ya daraja ilikuwa imefunikwa. Maji yakazoea kupita kwenye pini, kutu ikajijaza nyuma ya kibao na kukisukuma taratibu hadi kikachomoka. Wakati ule jimbo zima lilikuwa na wakaguzi 12, wakitembea wawili wawili, kwa madaraja zaidi ya 3,400. Nilipoisoma hesabu hiyo niliifunga karatasi na kutoka nje kwanza, kwa sababu niliijua ile hali: unafika kwenye daraja jua linazama, una mengine mawili kabla ya giza, na unaandika "hali ni ya kuridhisha" kwa kuwa hukuwa na muda wa kukwangua.

Daraja la Genoa, nchini Italia, linafundisha jambo tofauti kidogo. Lilifunguliwa mwaka 1967, kazi ya mhandisi Riccardo Morandi, na nyaya za chuma zilizolibeba zilifunikwa ndani ya zege ili zilindwe. Ulinzi ule ndio uliozificha. Hakuna aliyeweza kuzitazama kwa macho. Morandi mwenyewe, mwaka 1979, miaka 12 tu baada ya kufunguliwa, alionya kuhusu kutu iliyokuwa ikilishambulia daraja lake, akiitaja hewa ya bahari na moshi wa viwanda vya karibu. Katika miaka ya 1990 nguzo moja iliongezewa nyaya mpya kwa nje baada ya kuonekana kwamba za ndani zimeliwa. Nguzo iliyokuja kuanguka tarehe 14 Agosti 2018, mvua ikinyesha, haikupata nyaya hizo. Watu 43 walikufa. Ninachokiona hapo ni kwamba ujuzi ulikuwepo, na hata mfano wa matibabu ulikuwepo kwenye daraja lilelile, hatua chache kutoka kwa mgonjwa mwingine.

Miezi miwili baada ya Genoa, tarehe 17 Oktoba 2018, sisi tulifungua daraja jipya la Jinja, lenye urefu wa mita 525, nalo likiwa limebebwa na nyaya. Nilikwenda kulitazama kwa miguu yangu na niliona fahari kubwa. Nyaya zake hazikuzikwa katika zege, kwa hiyo zinaweza kukaguliwa, na ikibidi kubadilishwa. Nasi kwa hiyo hatutaweza kusema kwamba hatukuona. Ninaomba tu mkumbuke kwamba ukaguzi wa nyaya za aina hiyo huanza daraja likiwa jipya, wakati ambapo hakuna anayeuona umuhimu wake, kwa sababu vipimo vya mwaka wa kwanza ndivyo vitakavyotumika kuhukumu vya mwaka wa 30.

Si mbali na hapo, kwenye mto huohuo wa Nile, kuna kitu ambacho Waganda wengi hupita bila kukijua. Bwawa la Nalubaale, ambalo wazee bado tunaliita Owen Falls, lilifunguliwa mwaka 1954, na kwa miaka 64 barabara kuu ya kutoka Mombasa kwenda Kampala na kuendelea hadi Rwanda na Kongo ilipita juu yake. Zege la jengo lake la mitambo linaugua ugonjwa unaojulikana kwa wahandisi: chembe za alkali katika saruji hukutana na madini fulani ndani ya kokoto, hutengeneza kitu kama ute, na ute ule hunywa maji na kuvimba mwaka baada ya mwaka. Zege linakua. Nyufa hutokea zenye umbo la ramani, na mashine zilizofungwa kwa vipimo vya nywele hujikuta zimesukumwa. Ugonjwa huo hauna dawa ya kuuondoa kabisa. Una dawa ya kuishi nao, nayo ni kupima, kuandika, kurekebisha, na kupima tena, bila kuruka mwaka. Bwawa lile linasimama hadi leo kwa sababu kuna watu waliolipima.

Karuma nayo tunaijua sote. Daraja la pale, juu ya mto Nile katika barabara ya kwenda kaskazini, lililojengwa mwaka 1963, lilifungwa Septemba 2024 ili likarabatiwe, na mwezi huohuo, jirani yake tu, bwawa jipya la umeme la megawati 600 lilizinduliwa kwa sherehe. Sisemi hili kwa kulaumu. Waliolifunga walifanya jambo la uungwana na la ujasiri, maana mwenye kufunga daraja hutukanwa na kila dereva, na mwenye kuliacha wazi hutukanwa siku moja tu, ile ambayo tayari kuna maiti mtoni. Lakini tuangalie gharama ya kusubiri: kwa miezi mitatu mabasi ya Gulu na Arua, malori ya kwenda Juba, wagonjwa na wafanyabiashara walizungushwa kwa njia ndefu. Kwenye mto Katonga hatukupata hata nafasi ya kuchagua. Mei 2023 maji yalikata barabara kuu ya Kampala na Masaka, na watu walioondoka nyumbani jioni wakitarajia kufika Mbarara alfajiri walilala njiani. Katika matukio hayo mawili, tofauti ninayoiona ni kwamba la kwanza tuliamua sisi, la pili mto uliamua.

Ninajua pia kwamba si kila kinachoanguka kimeangushwa na uzembe wa matengenezo, na fundi mwenye heshima lazima aliseme hilo. Daraja la Minneapolis lililoanguka tarehe 1 Agosti 2007 na kuua watu 13 lilikuwa na vibao vya kuunganishia vilivyochorwa vyembamba mno tangu mwanzo, na kosa lile lilikaa miaka 40 likisubiri mzigo. Hakuna brashi ya waya ingeliondoa. Hata hivyo mtu anayekagua kwa makini hupata angalau nafasi ya kushangaa, na kuuliza kwa nini kibao kile kimepinda.

Sasa nifike pale panaponiuma. Daraja la Fern Hollow, katika jiji la Pittsburgh, Marekani, lilianguka asubuhi ya tarehe 28 Januari 2022. Basi la abiria lilikuwa juu yake. Watu waliumia, hakuna aliyekufa. Daraja lile halikuwa limesahauliwa: lilikuwa likikaguliwa kila inapotakiwa, kwa miaka zaidi ya 10 lilikuwa limepewa alama ya hali mbaya, na ripoti baada ya ripoti ilisema mambo yaleyale kuhusu mifereji iliyoziba kwa takataka na miguu ya chuma inayoliwa na kutu. Uchunguzi ulisema wazi kwamba jiji halikuyatekeleza mapendekezo yaliyokuwa yakirudiwa. Wakaguzi waliona, waliandika, na walilipwa kwa kuandika. Kilichokosekana ni yule mkaguzi wa toroli, mtu wa pili wa kutia sahihi.

Darubini kubwa ya redio ya Arecibo, kisiwani Puerto Rico, iliponzwa na kitu cha jamii hiyo. Jukwaa lake la tani 900 lilining'inia kwa nyaya juu ya sinia la upana wa mita 305, na ncha ya kila waya ilishikwa ndani ya kikombe cha chuma kilichojazwa zinki iliyoyeyushwa. Nyaya zilianza kuchomoka kutoka vikombe hivyo kidogo kidogo. Nyingine zilikuwa zimetoka zaidi ya sentimita 2.5, jambo ambalo fundi wa gereji angeligundua kwa kidole. Lilionekana, likapimwa, likachukuliwa kuwa la kawaida, huku ukarabati baada ya kimbunga cha mwaka 2017 ukicheleweshwa na fedha. Agosti 2020 waya mmoja ulichomoka. Novemba mwingine ukakatika. Tarehe 1 Desemba jukwaa zima likaanguka.

Na kwa bara letu kuna Derna, Libya. Mabwawa mawili yaliyojengwa miaka ya 1970 juu ya bonde linalopita katikati ya mji yalionekana na nyufa mwaka 1998. Mwaka 2007 kampuni ya kigeni ilipewa kazi ya kuyakarabati. Mwaka 2011 vita vilipoingia kazi ikasimama. Mwaka 2022 mtaalamu wa maji wa Libya aliandika kwamba mafuriko makubwa yakija mji utaangamia. Septemba 2023 mvua ya kimbunga ilinyesha, mabwawa yote mawili yakapasuka usiku, na maelfu ya watu walichukuliwa hadi baharini wakiwa vitandani mwao. Kati ya ufa wa kwanza kuandikwa na usiku ule kulikuwa na miaka 25.

Sisi wenyewe tumefukia watu wetu Kiteezi, nje kidogo ya Kampala, tarehe 10 Agosti 2024, mlima wa taka ulipoporomoka juu ya nyumba na kuua zaidi ya watu 30. Dampo lile lilianza kutumika mwaka 1996, na kwamba limejaa lilikuwa limesemwa kwa miaka. Sitaongeza neno hapo.

Waheshimiwa, ninaelewa kwamba mtasema fedha hakuna. Ninajua jinsi bajeti inavyotengenezwa. Daraja jipya huja na mkopo au msaada, na mkopeshaji hutuma watu wake kusimamia, kwa hiyo fedha zake hazigusiki kirahisi. Matengenezo hutegemea fedha za ndani za matumizi ya kawaida, nazo ndizo zinazokatwa katikati ya mwaka mapato yanapopungua. Sheria ya Mfuko wa Barabara ya mwaka 2008 ilitungwa ili matengenezo yawe na chemchemi yake mwenyewe kutoka kwa watumiaji wa barabara, lakini fedha ziliendelea kupitia Hazina na kugombea nafasi kila mwaka pamoja na mahitaji mengine yote. Mhandisi de Sitter, Mholanzi, aliwahi kutoa kanuni ya makadirio mwaka 1984: shilingi moja isiyotumika katika kujenga vizuri huwa shilingi 5 katika matengenezo ya mapema, 25 katika ukarabati, na 125 katika kujenga upya. Namba hizo ni za kukadiria, na kila daraja lina hesabu yake. Lakini mimi niliyeomba vibarua watatu na debe la rangi, kisha nikaona mhimili mpya ukiletwa kwa kreni kutoka mbali, sikuhitaji kufundishwa mwelekeo wake.

Hata hivyo ombi langu kubwa halihitaji fedha nyingi. Ninaomba kanuni moja iandikwe, na ikiwezekana iwekwe katika sheria: kila kasoro inayoandikwa na mkaguzi wa daraja, bwawa au kalavati kubwa ijibiwe kwa maandishi ndani ya siku 60, na afisa mwenye jina na cheo, ambaye ataandika ama tarehe ya kazi, ama kikomo cha uzito kitakachowekwa mara moja, ama sababu ya kuiacha. Afisa akiandika "fedha hazipo, tumepunguza uzito hadi tani 10", nitamheshimu. Ameamua, na uamuzi wake unaonekana. Ninachoogopa ni ule ukimya ambamo hakuna aliyekataa na hakuna aliyekubali, na daraja linaendelea kuliwa. Majibu hayo yawekwe wazi, mahali ambapo diwani, mwenyekiti wa LC (baraza la mtaa), dereva na mwandishi wa habari wanaweza kuyasoma. Na mwaka wa ukaguzi wa mwisho uandikwe kwa rangi kwenye ukingo wa daraja lenyewe, ili hata utingo aone.

Pili, magenge ya barabara ya wilaya yapo; hufyeka nyasi na kuzibua mitaro, lakini nilipokuwa kazini nilizoea kuona usafi wao ukikomea hatua tano kabla ya daraja, kwa kuwa daraja halikuwa katika orodha yao. Waongezewe. Matundu ya maji yazibuliwe kabla ya mvua za Machi na za Septemba, udongo utolewe juu ya vitako, miche ing'olewe. Na mkandarasi wa lami asilipwe mpaka mtu amemwaga ndoo ya maji sakafuni na kuiona ikitokea chini.

Tatu, Mamlaka ya Taifa ya Barabara ilivunjwa mwaka 2024 na kazi zake zikarudi wizarani. Sibishani na uamuzi huo. Ninauliza tu zilipo karatasi. Ofisi zinapohama, meza na magari huhesabiwa, lakini majalada ya vipimo vya miaka 15 iliyopita ndiyo yanayobaki kwenye maboksi ya korido, na bila vipimo vya zamani mkaguzi kijana akikuta milimita 7 hataweza kujua kama chuma kimepungua tangu mwaka jana au tangu mwaka 1970. Naomba Kamati ya Bunge iyaulize majalada hayo kwa orodha, daraja kwa daraja.

Kwa upande wangu, nina madaftari 31 ya ukaguzi ndani ya sanduku la bati chini ya kitanda, yakiwa na vipimo, michoro ya mkono na tarehe. Madaraja mengi yaliyomo bado yanatumika. Mistari iliyobaki bila majibu nimeiwekea alama ya penseli. Niko tayari kuyakabidhi siku yoyote ya kazi kwa afisa yeyote atakayetumwa na mmoja wenu. Sidai malipo. Nitamwomba tu, kabla hajayapakia garini, atie sahihi kwenye kila daftari kwamba amelipokea, na aandike jina lake kwa herufi zinazosomeka.

Wenu mtiifu,

Fundi sanifu mstaafu wa madaraja,
Tororo